Bluu Ile Haikutoka Ziwa Jipe

Mwulize mtoto yeyote wa shule ya msingi huku Same maana ya rangi za bendera yetu, atakujibu bila kusita: kijani ni ardhi na mimea, njano ni madini, nyeusi ni watu, bluu ni maji. Safi kabisa. Na kwa sisi wa Upare majibu hayo yanaingia vizuri tu. Mji wa Same ni mkavu, lakini kijani kipo juu kwenye msitu wa Chome na kilele cha Shengena. Madini? Ipo jasi ya Makanya. Maji? Tuna Ziwa Jipe na bwawa la Nyumba ya Mungu kule Mwanga.

Sasa mwulize swali la pili: hiyo bluu ilifikaje kwenye bendera? Hapo hata wenye digrii zao wanaanza kukuna kichwa.

Tukumbushane kidogo. Milima hii imeshaona bendera nyingi. Wajerumani walikuja na ya kwao, na reli yao kutoka Tanga ikapita hapa Same hadi Moshi, ilikofika mwaka 1911. Mwaka 1916 Waingereza wakawatimua, na utawala wao ukaja na bendera nyekundu yenye Union Jack pembeni na kichwa cha twiga. Chini ya twiga huyo, mwaka 1945, maelfu ya Wapare walishuka milimani wakaja kupiga kambi hapa Same kupinga kodi ya mbiru. Bendera ilikuwa ya wenye kutoza kodi. Wenye kulipa hawakuulizwa kitu!

Ndiyo maana usiku wa kuamkia tarehe 9 Desemba 1961 ulikuwa mkubwa. Twiga alishushwa, ikapanda bendera ya Tanganyika: kijani, nyeusi katikati, kijani tena, na mistari myembamba ya njano ikitenganisha. Kijani na nyeusi zilikuwa rangi za TANU. Luteni Alexander Nyirenda akaipandisha Kilimanjaro pamoja na Mwenge. Angalia vizuri bendera ile. Hakuna bluu hata kidogo! Ziwa Victoria lilikuwepo, Tanganyika lilikuwepo, Jipe lilikuwepo, na bado hakuna aliyeweka bluu.

Bluu ilikuwa ng'ambo ya maji. Zanzibar ya Sultani ilipeperusha bendera nyekundu tupu. Ilipopata uhuru tarehe 10 Desemba 1963, katikati ya ule wekundu iliongezwa duara la kijani lenye karafuu mbili za njano. Bendera ya karafuu haikumaliza hata miezi miwili. Mapinduzi ya tarehe 12 Januari 1964 yaliiondoa, na kabla mwezi haujaisha Zanzibar ilikuwa na bendera ya bluu, nyeusi na kijani, rangi za chama cha Afro-Shirazi. Bahari, watu, ardhi.

Tarehe 26 Aprili 1964 nchi mbili zikaungana, na bendera mpya ikaanza kutumika rasmi tarehe 30 Juni. Hapa ndipo panaponifurahisha. Nyeusi na kijani zote mbili walikuwa nazo tayari. Tanganyika ilileta njano yake, Zanzibar ikaleta bluu yake. Kisha mshazari ukapigwa, na pembetatu ya bluu ikawa sawa kabisa na ya kijani, ingawa Zanzibar ilikuwa na watu wasiofika laki nne na Tanganyika zaidi ya milioni tisa. Kwenye kitambaa, mdogo na mkubwa walipimiwa sawa.

Kwa hiyo tunapomwambia mtoto kwamba bluu ni maji tu, tunamdanganya kwa ukweli nusu. Ile rangi ni sahihi ya mwenzetu kwenye mkataba.

Kisa hakikuishia hapo. Mwaka 2004 Zanzibar ilipitisha sheria ya bendera yake, na Januari 2005, wakati wa Rais Amani Abeid Karume, bluu, nyeusi na kijani vikarudi mlingotini baada ya miaka 40. Safari hii pembeni juu imewekwa bendera ndogo ya Tanzania. Kwenye yetu wao wamo ndani, na kwenye yao sisi sote tumo ndani.

Najua Wabara wengi wananung'unika: kwa nini wao wawili, sisi moja? Jibu liko kwenye muundo wa 1964. Serikali ziliamuliwa ziwe mbili, ya Muungano na ya Zanzibar. Tanganyika ikaingiza vyake vyote kwenye Muungano, pamoja na bendera ambayo haikuwa imefikisha hata miaka mitatu. Rasimu ya Katiba ya Tume ya Warioba mwaka 2013 ilipendekeza serikali tatu, lakini Katiba Inayopendekezwa ya 2014 ikarudi kwenye mbili. Mjadala huo ni halali, na unaweza kuwa upande wowote. Ila usimkasirikie Mzanzibari kwa kitambaa chake. Kama unaililia Tanganyika, waulize walioikunja, na uwaulize kwa nini.

Nina ombi moja tu kwa walimu wa huku milimani. Mkifika kwenye bluu, msiishie Ziwa Jipe. Wapelekeni watoto hadi Unguja na Pemba. Mtu anayesimama mstarini kila asubuhi kuimbia bendera ana haki ya kujua nani mwingine yumo ndani yake.