Adhabu na Tiba

Katika miaka yangu ya ualimu nilitoa adhabu nyingi, na nyingi nimezisahau. Moja sijaisahau. Mwaka 1992, nikiwa mkuu wa shule, mwalimu wa zamu aliniletea misokoto miwili ya bangi iliyokutwa chini ya godoro la mwanafunzi wa kidato cha tatu. Sikumwuliza kijana yule neno. Nilimwita askari, kisha nikawaambia wenzake paredini kwamba sheria ni msumeno. Hakimu alimfunga. Baadaye mama yake alikuja ofisini, akakataa kiti, akasema: "Mwalimu, mimi nilikuletea mtoto umfundishe. Wewe umempa askari."

Nilipostaafu ndipo nilipopata nafasi ya kusoma habari za sheria hizi, nikaona kuwa mataifa makubwa nayo yamepita njia ile ile. Marekani ilianza kuzibana dawa za kulevya kwa sheria ya mwaka 1914, na kila hofu mpya ilipoingia, adhabu iliongezwa. Mwaka 1962 Mahakama ya Juu ya nchi hiyo iliamua, katika shauri lililotoka California, kwamba kuwa mteja wa dawa ni ugonjwa, na mtu haadhibiwi kwa kuwa mgonjwa. Hata hivyo, kukutwa na dawa kulibaki kosa. Sheria ya mwaka 1986 iliweka kifungo kisichopungua miaka 5 kwa aliyeuza gramu 5 za kokeini ya vipande, ilhali aliyeuza kokeini ya unga alifikiwa na adhabu hiyo kwa gramu 500. Walioumizwa zaidi na tofauti hiyo ni watu Weusi. Mwaka 2010 ilipunguzwa, haikuondolewa.

Mji wa Miami ulikuwa mlango wa kokeini, na magereza yake yalifurika. Waliofungwa walitoka, wakatumia tena, wakarudishwa. Mwaka 1989 ikaanzishwa huko mahakama ya kwanza ya dawa za kulevya, chini ya Jaji Stanley Goldstein. Mshtakiwa asiye na kosa la kutumia nguvu alisimamishiwa mashtaka, akapelekwa kwenye tiba, akawa anapimwa mkojo na kurudi mara kwa mara mbele ya jaji yule yule kueleza maendeleo yake. Akimaliza vema, mashtaka hufutwa. Leo mahakama za namna hiyo zimepita 3,000 nchini humo.

Nisimdanganye msomaji: si dawa ya kila kitu. Wako waliorudia kutumia wakati wa tiba, wakawekwa ndani kana kwamba kuugua tena ni ukaidi; na aliyeshindwa kabisa aliweza kupata kifungo kirefu kuliko cha yule aliyekiri kosa tangu mwanzo. Fimbo bado iko mezani. Lakini angalau kuna mtu anayeuliza.

Sisi Tanzania tulitunga sheria ya dawa za kulevya mwaka 1995, tukaibadili kwa nyingine kali zaidi mwaka 2015. Katikati yake, mwaka 2011, hospitali ya Muhimbili ilianza kuwapa watumiaji wa heroini dawa ya methadoni. Yaani nchi moja ina milango miwili, wa gereza na wa hospitali, na mara nyingi anayeamua kijana aingie upi ni mtu mzima wa kwanza aliyemkamata.

Mwaka 1992 mtu huyo nilikuwa mimi. Chuo cha ualimu kilikuwa kimenifundisha kwamba mtoto anayekosea ana sababu, nami nilikuwa na ofisi, muda na kiti cha kumkalisha. Miaka kadhaa baadaye nilimkuta stendi, akibeba mizigo ya abiria. Akaniamkia, "Shikamoo, mwalimu." Nikaitikia marahaba, nikapanda basi. Neno nililopaswa kumwambia sikulisema, na ndilo nililoliandika hapa.