Kenya Open ni yetu, kombe ni la wageni

Wasee, huku Lumakanda ukitaja gofu, watu wanadhani unaongelea mambo ya wadosi wa Nairobi. Lakini hebu sikieni hii historia.

Kenya Open ilianza 1967, pale Muthaiga. Bingwa wa kwanza alikuwa Mwingereza, Guy Wolstenholme. Seve Ballesteros akashinda 1978, na mwaka uliofuata akabeba British Open. Ian Woosnam alishinda hapa 1986, akachukua Masters 1991. Trevor Immelman naye alishinda hapa 2000, akachukua Masters 2008. Yaani nyasi zetu zimekuwa ngazi ya wengine.

Na sisi je? Hakuna Mkenya amewahi kushinda. Hata mmoja! Jacob Okello alikaribia sana 1998: alimaliza sare kileleni, halafu Ricardo González wa Argentina akamshinda kwenye mashimo ya ziada.

Kuna wanaosema hatuna talanta. Mimi nakataa. Dismas Indiza, mmoja wa maprofesheno wakali nchini, ni wa Mumias, kaunti yetu hii hii. Shida ni mlango. Wachezaji wetu wengi walianza kama kedi, wakibeba mifuko ya matajiri na kujifunza kwa macho. Na tangu 2019 shindano liko European Tour, kwa hivyo wapinzani ni wakali zaidi.

Maoni yangu: mtoto asiye na pesa akose kiwanja leo, kesho tutapiga makofi tu tena. Nyinyi mnaonaje?