Tangi likijaa, gari litafika wapi?

Mwenye gari akiulizwa tangi lake hubeba lita ngapi, aghalabu hujibu bila kusita. Akiulizwa lita hizo zitamfikisha wapi, jibu lake huwa la kubahatisha.

Pengo lililopo kati ya majibu hayo mawili ndilo huwaacha madereva kando ya barabara wakiwa na mitungi mikononi, hasa katika maeneo ambako kituo kimoja cha mafuta kimetengana na kingine kwa makumi ya kilomita.

Ujazo wa tangi ni kipimo cha chombo. Masafa ni kipimo cha safari, nayo hutegemea injini, barabara, mzigo, mwendo na mguu wa dereva. Ndiposa magari mawili yenye matangi ya ukubwa mmoja, yaliyojazwa katika kituo kimoja asubuhi moja, huweza kutofautiana kwa zaidi ya kilomita 100 kabla ya kuzimika.

Lita za kitabuni na lita za pampu

Miongoni mwa magari yanayoonekana sana katika barabara za humu nchini, tangi la Toyota Probox hubeba lita 50 na la Toyota Premio lita 60. Toyota Vitz hubeba lita 42, ilhali Land Cruiser Prado hubeba lita 87. Takwimu hizi hupatikana katika kitabu cha maelezo ya gari, na hutofautiana kidogo kulingana na toleo.

Hata hivyo, takwimu ya kitabuni si mwisho kabisa wa chombo. Watengenezaji huacha nafasi ya hewa juu ya mafuta kwa sababu petroli hutanuka inapopata joto.

Kila joto linapopanda kwa nyuzi moja ya Selisiasi, petroli huongezeka kwa takriban asilimia 0.1. Lita 50 zilizotoka katika tangi la ardhini zikipata joto zaidi kwa nyuzi 10, huongezeka kwa yapata nusu lita. Aidha, bomba linalotoka mdomoni hadi kwenye tangi nalo hubeba mafuta kidogo.

Hii ndiyo sababu gari lenye tangi la lita 50 huweza kupokea lita 52 iwapo mhudumu ataendelea kufinya pampu baada ya kujikata yenyewe. Mteja akiona risiti hiyo huamini ameibiwa, na mara nyingi zogo huzuka papo hapo.

Risiti kama hiyo pekee si ushahidi wa wizi. Pampu hupimwa kwa chombo kilichothibitishwa, na kazi hiyo ni ya maafisa wa mizani na vipimo, ambao huikagua na kuiwekea muhuri. Anayeshuku amepunjwa afadhali ahifadhi risiti yenye tarehe, aandike nambari ya pampu na kupeleka malalamiko yake kwa maafisa hao.

Kujaza tangi hadi shingoni pia kuna hasara. Magari mengi ya kisasa yana kikopo chenye makaa ambacho hunasa mvuke wa petroli usitoke nje. Petroli yenyewe ikifurika humo, makaa huharibika na gharama ya kununua kikopo kingine si ndogo. Pampu ikijikata, inatosha.

Vilevile, kuna imani kwamba anayenunua mafuta alfajiri hupata zaidi kwa kuwa petroli imepoa. Ukweli ni kwamba matangi ya vituo huzikwa ardhini, na joto la humo halibadiliki sana kati ya asubuhi na mchana. Faida yake, kama ipo, ni matone tu.

Geji haisemi yote

Ndani ya tangi mna boya dogo lililoshikwa na mkono wa chuma. Boya hupanda na kushuka pamoja na mafuta, nao mshale wa geji hufuata.

Tatizo ni kwamba matangi mengi hayana umbo la sanduku. Yamefinyangwa ili yaenee chini ya viti na kando ya ekseli, hivyo nusu ya juu haiwi daima sawa na nusu ya chini. Katika magari mengi mshale hukaa penye alama ya kujaa kwa kilomita nyingi, kisha huporomoka upesi baada ya kuvuka nusu. Gari likiegeshwa mlimani, mshale huweza kusoma zaidi au pungufu.

Taa ya onyo nayo huwaka wakati tangi limebakisha takriban asilimia 10 hadi 15 ya ujazo wake. Kwa gari la lita 50, hizo ni kati ya lita tano na lita saba unusu.

Wahenga walisema akiba haiozi, na mafuta haya ni akiba ya dharura, si sehemu ya safari ya kila siku. Katika magari mengi ya petroli, pampu hukaa ndani ya tangi na hupozwa na mafuta yanayoizunguka. Anayezoea kuendesha gari taa ikiwa imewaka huiweka pampu hiyo katika hatari ya kupata joto jingi na kuharibika mapema. Gari la dizeli likikaukiwa kabisa, hewa huingia katika mirija na huenda fundi akahitajika kuitoa kabla injini haijawaka tena.

Kwa hivyo, anayepanga safari hana budi kutoa akiba kwanza. Katika tangi la lita 50, akiacha lita nane, zinazobaki kwa hesabu ni 42.

Ahadi ya kiwandani

Magari mengi yanayonunuliwa nchini Kenya huagizwa kutoka Japani yakiwa yametumika, kwa sharti kwamba yasizidi umri wa miaka minane. Mara nyingi tangazo la kuliuza gari hudai kwamba litaenda kilomita 20 au zaidi kwa lita moja.

Takwimu hizo hutoka katika majaribio rasmi. Jaribio lililotumika Japani kwa miaka mingi, likiitwa 10-15, lilikuwa na mwendo wa wastani wa kilomita 22.7 kwa saa, na mwendo wa juu ulikuwa kilomita 70. Lililofuata, JC08, lilifikisha kilomita 81.6 kwa saa. Kuanzia 2018, nchi hiyo ilianza kutumia jaribio la kimataifa la WLTC ambalo linakaribia zaidi hali ya barabarani.

Majaribio haya hufanyiwa ndani ya jumba, gari likizungusha magurudumu juu ya mitambo. Humo hamna mlima, matope, upepo wa mbele wala abiria watano na magunia ya viazi.

Takwimu hizo si uongo. Zinamsaidia mnunuzi kulinganisha gari moja na jingine, lakini haziwezi kumwambia atafika Kapenguria.

Kinachokula mafuta

Upepo ndio adui mkubwa wa gari linaloenda kasi. Mwendo ukipanda kutoka kilomita 80 kwa saa hadi 110, ambao ndio upeo unaoruhusiwa kwa magari ya kibinafsi katika barabara kuu, nguvu ya upepo inayolizuia gari hukaribia kuwa maradufu. Mzigo uliofungwa juu ya paa huongeza kizuizi hicho.

Milima nayo hudai ushuru wake. Nairobi iko zaidi ya mita 1,600 juu ya usawa wa bahari, na Mombasa iko ufuoni. Gari dogo lenye abiria na mizigo, lenye uzani wa kilo 1,400, huhitaji karibu lita tatu za petroli kwa kazi ya kupanda tu kutoka Pwani hadi jiji kuu, mbali na zile za kuikata barabara yenyewe ya takriban kilomita 480. Dereva aliyeteremka kwenda Mombasa na kubakiwa na robo tangi asitarajie hesabu hiyo wakati wa kurudi.

Hali ni hiyo hiyo kwa anayetoka Nakuru kuelekea Eldoret, kwani barabara hupanda hadi Timboroa, mahali palipo zaidi ya mita 2,700 juu ya usawa wa bahari.

Jijini, mafuta hupotea bila gari kusonga. Injini ndogo inayonguruma katika msongamano huchoma kati ya nusu lita na lita moja kwa saa, na kiyoyozi huongeza kiasi hicho. Magurudumu yasiyo na hewa ya kutosha, chujio la hewa lililoziba na breki zinazoshika bila kukanyagwa huchangia pia.

Baadhi ya magari huonyesha kwenye dashibodi kilomita zilizosalia. Kompyuta hiyo hukadiria kwa kutazama jinsi gari lilivyotumia mafuta katika kilomita zilizopita. Anayetoka barabara kuu na kuingia katika msongamano au barabara ya changarawe ataona kilomita hizo zikiyeyuka kuliko anavyosonga.

Njia ya kujipimia

Njia ya kuaminika haihitaji mtambo wowote ila kalamu na kijitabu. Kwanza, dereva ajaze tangi hadi pampu ijikate na aandike kilomita zilizoonyeshwa kwenye dashibodi. Pili, aendeshe gari kama kawaida kwa kilomita 300 au zaidi. Tatu, ajaze tena hadi pampu ijikate, ikiwezekana katika kituo kile kile na pampu ile ile, kisha aandike lita zilizoingia.

Chukua mfano wa gari lililoanza safari likisoma kilomita 84,310 na kujazwa tena likisoma 84,730. Limeenda kilomita 420. Ikiwa limepokea lita 35, basi linaenda kilomita 12 kwa lita moja. Lita 42 za matumizi zikizidishwa kwa 12, masafa halisi ni kilomita 504.

Gari hilo hilo likitumia lita moja kwa kilomita tisa katika barabara mbovu, masafa hushuka hadi kilomita 378. Tangi halijabadilika hata kidogo.

Ni vyema kurudia kipimo hiki mara tatu au nne na kuweka takwimu mbili: moja ya mjini na nyingine ya safari ndefu. Mali bila daftari hupotea bila habari.

Kijitabu hicho pia hufichua maradhi ya gari. Matumizi yakipanda ghafla bila njia kubadilika, huenda tangi au mirija inavuja, plagi zimechakaa au mafuta yenyewe si safi. Uchanganyaji wa mafuta taa katika dizeli na petroli ulikithiri kiasi kwamba mnamo 2018 serikali iliweka ushuru wa Sh18 kwa kila lita ya mafuta taa ili kuondoa tofauti ya bei iliyowavutia walaghai.

Kwa anayefanya biashara ya uchukuzi, hasara ya kutojua ni kubwa. Gari linaloenda kilomita 120 kwa siku, likishuka kutoka kilomita 12 kwa lita hadi 10, huongeza matumizi kwa lita mbili kila siku. Kwa siku 26 za kazi hizo ni lita 52, yaani tangi zima la Probox kila mwezi. Mwenye gari huenda akamshuku dereva kwa wizi, kumbe mwizi ni plagi.

Kupanga safari ndefu

Umuhimu wa hesabu hii huonekana zaidi kaskazini mwa nchi. Kutoka Isiolo hadi Moyale ni takriban kilomita 500. Kwa hesabu ya karatasi, gari la mfano uliotangulia, lenye masafa ya kilomita 504, lingefika mpakani.

Lakini katika jangwa hilo upepo huvuma kwa nguvu, na njia hupanda kuelekea mlima Marsabit. Upungufu wa kilomita moja tu kwa kila lita, kutoka 12 hadi 11, hupunguza masafa hadi kilomita 462. Dereva atakuwa ameanza kula akiba yake karibu kilomita 40 kabla ya Moyale. Mwenye busara hujaza tena mjini Marsabit, ulio karibu nusu ya njia, hata kama geji bado inampa moyo.

Kanuni ni kwamba hesabu isielekezwe kwenye mwisho wa safari bali kwenye kituo cha mwisho chenye uhakika wa mafuta. Na uhakika huo wenyewe huweza kutoweka. Mnamo Aprili 2022, uhaba ulipoikumba Kenya, foleni ndefu zilishuhudiwa na vituo vingi vilikauka. Aliyezoea kungoja taa ya onyo hakuwa na nafasi ya kutafuta kituo kingine.

Kubeba petroli katika mtungi wa plastiki ndani ya gari si suluhisho. Mvuke wake hushika moto upesi, na mtungi uliotengenezewa maji au mafuta ya kupikia haukukusudiwa kazi hiyo.

Kwa safari za kawaida, robo tangi ichukuliwe kuwa ndio mwisho. Kwa safari za maeneo yenye vituo vichache, nusu tangi ndiyo ishara ya kuanza kutafuta mafuta.