Mti ni wa dana, ruhusa ni ya nani?

Wasee, Krismasi iliyopita nilikuwa ushago, Seme. Dana yangu alitaka kukata siala moja tu. Si ya kuuza, ni ya kurekebisha paa la jikoni, lilikuwa limeoza. Nikamwambia, "Dana, si huu mti umeupanda mwenyewe?" Akacheka. "Nyakwara, twende kwanza kwa chifu."

Kusema ukweli, nilikasirika. Nikaenda kusoma historia.

Reli ilifika Kisumu, enzi hizo ikiitwa Port Florence, Desemba 1901. Injini zake zilikula kuni, na kuni zilitoka misitu yetu. Mwaka uliofuata, 1902, Waingereza wakatoa kanuni za misitu zilizowapa uwezo wa kutangaza msitu kuwa wa serikali. Yaani mwenye njaa kubwa ndiye aliyeshika ufunguo wa ghala. Baadaye Sheria ya Machifu, Sura ya 128, ikampa chifu mamlaka juu ya ukataji miti. Uhuru ukaja, sheria ikabaki.

Lakini tusidanganyane kwamba zamani kila mtu alikata anavyotaka. Enda Got Ramogi, kule Yimbo. Wazee waliuheshimu ule mlima kama boma la kwanza la Ramogi, na msitu wake bado upo. Ruhusa ilikuwepo, ila ilitoka kwa watu wanaoishi na mti.

Sasa angalia leo. Kanuni za 2009 zilimtaka mkulima awe na miti kwenye angalau asilimia 10 ya shamba lake. Februari 2018 serikali ikasimamisha ukataji katika misitu ya umma na ya jamii kwa miezi 3. Ilichukua zaidi ya miaka 5 hadi Rais Ruto atangaze kuondoa marufuku hiyo, Julai 2023.

Mimi sipingi kibali. Bila kibali, pawaso zingemaliza kila kitu. Ninachouliza ni hiki: anayekata mti mmoja wa jikoni na anayekata lori kumi, mbona wapimwe kwa mzani mmoja? Mwenye mti mmoja atoe taarifa, inatosha. Mwenye malori, kibali chake kibandikwe hadharani tukione sote. La sivyo watu wataona kupanda siala ni kujitafutia kesi, wapande mahindi tu.

Chifu alikuja, akaangalia, akaandika barua. Jikoni ina paa. Mvua ya Machi iliponyesha, dana akapanda miche miwili. Hiyo hakumwomba mtu.