Mkono, mguu na mtoto Boali

Jamani, juzi binamu yangu kanitumia ile picha ambayo wengi mmeshaiona: mwanamume amekaa barazani, anatazama mkono na mguu mdogo uliokatwa, vimelazwa mbele yake. Maelezo: "Mtumwa, Marekani." Akaniuliza, "Kaka, wewe si mwandishi? Hii ni ya kweli?"

Ningeweza kumjibu fasta. Swali hilohilo niliwahi kulijibu fasta miaka ya nyuma, nikaisambaza picha yenyewe na maneno "unyama wa jeshi la Ubelgiji". Nilichemsha.

Picha ni ya kweli. Ilipigwa Mei 1904 na Alice Seeley Harris, mmisionari Mwingereza, katika misheni ya Baringa, Kongo. Mwanamume huyo ni Nsala, mtu wa Wala. Alifika misheni na kifurushi cha majani. Ndani yake mabaki ya binti yake Boali, mtoto wa miaka mitano hivi. Walinzi wenye silaha wa ABIR, kampuni ya mpira, walikuwa wamewavamia. Mmisionari ndiye aliyemwomba Nsala akae pale ampige picha. Kwa hiyo ndiyo, ilipangwa. Kilichopangwa ni mkao, si msiba.

Mbona nang'ang'ania maelezo? Kongo ya 1904 haikuwa koloni la Ubelgiji. Tangu 1885 ilikuwa miliki ya mtu mmoja, Mfalme Leopold II, ambaye hakuwahi hata kuikanyaga. Ukiandika "jeshi la Ubelgiji", mtetezi wake atalidaka kosa hilo moja akwambie yote ni uzushi. Halafu walinzi wale walikuwa Waafrika, waliopewa bunduki na kampuni. Hilo nililiruka, na si kwa bahati mbaya. Lilikuwa linaniharibia hasira yangu.

Picha za Harris zilirushwa ukutani katika kumbi za Uingereza na Marekani, watu wakaona kwa macho yao. Mwaka 1905 Mark Twain aliandika kijitabu ambamo mfalme anailaani kamera. Mwaka 1908 Leopold akalazimika kuikabidhi Kongo kwa dola ya Ubelgiji.

Binamu nikamwandikia haya yote. Akajibu, "Ndefu mno, kaka. Nipe mstari mmoja."

Nikampa: "Nsala wa Wala na mabaki ya binti yake Boali. Baringa, Kongo, Mei 1904. Mpiga picha: Alice Seeley Harris."

Ameshabadilisha. Ile yangu ya zamani bado inazunguka huko, na jina langu chini yake.