Vifungu 85 Alivyovikata Mfalme

Ndugu msomaji, ukimtaja Confucius mbele ya watu, wengi watakujibu kwa neno moja: utii. Eti ni yule mzee wa Kichina aliyefundisha kwamba mtoto amtii babake, mke amtii mumewe na raia amtii mfalme, basi. Nami nilidhani hivyo hivyo, mpaka niliposoma habari za mfalme mmoja wa China aliyekikasirikia kitabu cha mtu aliyefariki zaidi ya miaka 1,600 kabla yake.

Lakini tuanze mwanzo. Jina lake khasa ni Kong Qiu. Alizaliwa mwaka 551 kabla ya Nabii Isa (A.S.) katika dola ndogo ya Lu, ambayo leo imo katika jimbo la Shandong. Babake alifariki yeye akiwa mdogo, akalelewa na mamake. China wakati huo ilikuwa imegawanyika, kila mtawala anamvizia mwenzake. Kong alitaka cheo ili atengeneze mambo. Akakipata kwa muda, kisha akaondoka Lu na kuzunguka kwa watawala wengine kwa miaka ipatayo 14, akitafuta atakayemsikiliza. Hakumpata. Akarudi kwao, akasomesha mpaka alipofariki mwaka 479. Yaani kwa hesabu ya kidunia, mzee wa watu alifeli! Hata Lunyu, kitabu kinachobeba maneno yake, hakukiandika yeye. Kilikusanywa na wanafunzi wake na waliosoma kwao.

Alifundisha nini basi? Neno lake kubwa ni ren, na sisi tunaosema Kiswahili tuna bahati, maana tunalo neno lililo karibu nalo sana: utu. La pili ni li, yaani adabu na taratibu, kuanzia mazishi mpaka namna ya kumpokea mgeni. Kwake yeye, adabu isiyokuwa na utu ndani yake ni maigizo tu. Kisha kuna junzi. Zamani neno hili lilimaanisha mtoto wa mtawala, mtu wa nasaba. Confucius akaligeuza: junzi ni yule mwenye tabia njema, hata akiwa masikini. Hebu lilinganishe na neno letu muungwana. Hapa pwani hapo zamani muungwana alikuwa ni mtu huru, asiyekuwa mtumwa. Leo tukisema fulani ni muungwana tunazungumzia mwenendo wake, hatuulizi babu yake alikuwa nani.

Ama kuhusu wazazi, ni kweli aliwapandisha juu sana. Lakini alisema pia kwamba mtoto akiona mzazi anakosea amwambie, kwa upole na bila kumvunjia heshima. Na katika kitabu kiitwacho Xiaojing, kinachohusu wema kwa wazazi, mwanafunzi anauliza kama kutii kila amri ya baba ndio wema wenyewe. Mwalimu anamkemea! Anamweleza kwamba baba mwenye mtoto wa kumkanya huepukana na kutumbukia katika maovu, na mfalme ni vivyo hivyo kwa mawaziri wake.

Karne moja na zaidi baadaye akaja Mengzi, aliyeyabeba mafundisho hayo na kuyanoa. Yeye aliwapanga hivi: raia kwanza, mfalme mwisho. Akasema mtawala dhalimu ameshajivua ufalme mwenyewe, na anayewadharau watu wake asishangae wakimwona adui.

Sasa tazama dola ilivyofanya. Mwaka 213 kabla ya Nabii Isa, mfalme wa kwanza wa China yote, Qin Shi Huang, aliamuru vitabu vya namna hii vichomwe. Haikupita hata karne, mwaka 136, mfalme Wu wa ukoo wa Han akaweka walimu rasmi wa kuvifundisha. Kuanzia mwaka 605 ukajengeka mtihani wa serikali ambao baadaye ulivitegemea vitabu hivyo, ukadumu mpaka 1905. Sisi tuliosoma madrasa tunajua kukariri ni nini, lakini wale walikariri miaka na miaka, kisha wakajifungia kila mmoja katika kijumba chake kuandika majibu kwa siku kadhaa.

Ndipo tunafika kwa Zhu Yuanzhang, mtoto wa wakulima mafukara aliyetwaa ufalme mwaka 1368. Mtu kama huyu ungedhani atampenda Mengzi, sivyo? Wapi! Mwaka 1394 ikatolewa chapa iliyopunguzwa ya kitabu cha Mengzi. Vifungu 85 vikakatwa, na maswali ya mtihani yakakatazwa kutoka humo. Utii ukabaki, makanyo yakaondoka. Baada ya kifo chake kitabu kizima kilirudi.

Wachina Waislamu nao waliyasoma mafundisho haya na kuyachuja. Wang Daiyu, katika kitabu chake cha mwaka 1642, alitaja utii wa aina tatu: kwa Mola, kwa mfalme, kwa wazazi. Mola yuko mbele. Liu Zhi wa Nanjing, aliyejua Kiarabu na Kiajemi, akaeleza nguzo tano za Uislamu sambamba na mahusiano matano ya Confucius, kwa Kichina ambacho msomi yeyote wa kule angekielewa.

Athari zake zilivuka mpaka Korea, Japani na Vietnam. Nyumbani kwao, mwaka 1966, vijana wa Mao walivunja makaburi na masanamu huko Qufu, mji wake Confucius. Leo serikali ile ile inamheshimu, na mwaka 2005 taasisi yenye jina lake ilifunguliwa katika Chuo Kikuu cha Nairobi, ya kwanza Afrika, ili kufundisha Kichina. Ukibahatika kumpata mwalimu wa huko, muulize kuhusu vile vifungu 85.