Habari za Wanga na Pasi katika Uchagga

Asubuhi ya Jumapili ukisimama kando ya njia ishukayo kutoka Kidia kwenda Moshi mjini, bado utaona mashati meupe yasiyo na kunyanzi hata moja, na kanga zilizonyoshwa hata zinalia mtu akitembea. Ukiuliza, utaambiwa kwamba ndiyo desturi yetu tangu zamani. Nami niliamini hivyo, hata siku moja kosa langu mwenyewe likanifanya nitafute habari zake. Kosa hilo nitalieleza mwisho.

Babu zetu walivaa ngozi za mbuzi na za ng'ombe, na kazi kubwa ya ngozi ilikuwa kuilainisha. Waliikwangua, wakaifikicha kwa mikono, wakaipaka mafuta hata ikakunjika kama jani bichi. Ngozi ngumu haikuvalika. Basi ni kitu gani kilichowageuza watu waliopenda mavazi laini, hata wajukuu wao wakapenda mavazi yaliyokakamaa?

Nadhani jibu limo katika nguo yenyewe iliyokuja kwanza. Johannes Rebmann alipopanda Uchaggani mwaka 1848, misafara ya pwani ilikuwa imekwisha kuzoea kubeba nguo ziwe fedha za njiani. Naye aliporudi mwaka 1849, Mangi Mamkinga wa Machame alimtoza zawadi juu ya zawadi hata mali yake ikaisha, safari yake ya kwenda mbele ikakoma. Nguo iliyosifiwa siku zile ni merikani, iliyoletwa Unguja na majahazi ya Marekani, hasa baada ya mkataba wa Sultani Said na nchi ile mwaka 1833. Vita ya Wamarekani wao kwa wao, tangu 1861 hata 1865, ilipozuia pamba, nguo za Uingereza na za Bombay zikashika mahali pake, walakini jina la merikani likabaki.

Sasa, kiwandani nyuzi za mtande hupakwa wanga kabla ya kufumwa, zisikatike kwa kusuguana na mtambo. Kwa hiyo nguo mpya hufika ikiwa ngumu. Watu wa pwani waliuita ugumu huo dondo. Nguo yenye dondo ilijulikana kuwa mpya. Ikifuliwa mara moja hulegea, na kila aionaye hujua kwamba imekwisha kuvaliwa. Wenye viwanda wa Lancashire nao waliutumia ugumu huo kwa hila: walizidisha wanga, wakauchanganya na udongo mweupe, ili nguo nyepesi ionekane nzito. Maskini mnunuzi, akiisha kuipeleka mtoni, alirudi na kitu kama chandarua! Mimi naona kwamba kutia wanga nyumbani kulianza kwa sababu hiyo, yaani kurudisha ule upya uliokwenda na maji.

Kazi yenyewe ilitufikia kwa njia nyingi. Wamisionari Wakatoliki walikaa Kilema mwaka 1890, na Walutheri wa Leipzig wakafika Machame mwaka 1893. Vijana waliofanya kazi katika nyumba za Wazungu walijifunza kufua na kupiga pasi. Tena wengi wao walikuwa wanaume, jambo ambalo waume wa leo hawapendi kulisikia. Wasichana walifundishwa shuleni pamoja na kushona. Reli ya Tanga ilifika Moshi mwaka 1911, ikaleta maduka na madobi; hata neno dobi ni la Wahindi. Kisha ikaja fedha ya kahawa. Wakulima waliunda chama chao mwaka 1925, na mwaka 1933 kikafuatwa na ushirika wa KNCU, na mwenye kuuza kahawa aliweza kununua shati jeupe.

Bibi yangu mzaa mama, wa Old Moshi, alitengeneza wanga mwenyewe. Alinunua muhogo wa watu wa tambarare sokoni, akaukuna kwa bati lililotobolewa misumari, akaukamua katika kitambaa, akayaacha maji yatulie. Weupe uliozama chini aliuanika juu ya ungo. Siku ya kufua alikoroga kijiko kimoja katika maji baridi, ndipo akamimina maji yaliyochemka, akikoroga bila kupumzika mpaka weupe ukageuka kuwa kama kioo. Sharti maji baridi yatangulie. Ukianza na ya moto utapata madonge. Nguo iliyokauka aliinyunyizia maji kwa vidole, akaikunja, akaiacha kidogo. Pasi yake ilikuwa ya mkaa, yenye jogoo juu ya kifuniko. Aliipunga huku na huku makaa yashike, akaifuta masizi juu ya jani la mgomba, maana jani hilo lina nta, nayo hukifanya chuma kiteleze.

Faida zipo. Uchafu hushika juu ya wanga, ukatoka pamoja nao nguo ikifuliwa. Na moto wa pasi huua mayai ya yule nzi atagaye katika nguo zenye unyevu, ambaye funza wake huingia katika ngozi ya mtu. Lakini hasara zipo pia. Mende hupenda wanga, na nguo iliyokakamaa hukatika penye mkunjo. Mwanzoni mwa miaka ya 1980, nguo na sabuni zilipoadimika nchini, baba yangu alikuwa na shati moja la kufundishia. Mama alilifua kwa majani ya mpapai, akalitia wanga lisimame kama jipya, na kwa kulisimamisha hivyo likakatika ukosi. Baadaye tetroni na mitumba viliondoa wanga katika nyumba nyingi.

Sasa kosa langu. Nilipoanza kufundisha nilimrudisha nyumbani msichana mmoja mara mbili, kwa sababu sare yake ilikuwa na kunyanzi. Siku ya tatu alikuja amenyooka, lakini kwenye sketi palikuwa na duara la kahawia, na vidole vyake vimeungua. Kwao hapakuwa na pasi wala umeme. Alikuwa ametia makaa katika kisufuria. Nikamwuliza kwa nini hakuniambia. Akatazama chini, akasema, "Mwalimu, hukuniuliza."

Pasi ya bibi, ile ya jogoo, sasa imo katika ofisi ya walimu. Anayeitaka huja mapema na mkaa wake, na jani hukatwa katika migomba iliyo nyuma ya jiko la shule. Wanga hatutii, muhogo tukiupata twaupika.